Mama Alisema Watatu

Mwaka niliopewa somo la Utangulizi wa Sosiolojia, nilipewa pia orodha ya makala ambazo wanafunzi wangetakiwa kuzisoma. Orodha hiyo ilikuwa imerithiwa kutoka mwalimu hadi mwalimu. Kila mmoja alikuwa ameongeza zake na hakuna aliyethubutu kuondoa za mwenzake, kwa hiyo ilipofika kwangu ilikuwa na makala arobaini. Mkuu wa idara, mwanamume mpole ambaye husema kila jambo kana kwamba anaomba radhi, alitaka zibaki kumi. Alinipa wiki tatu.

Nilizibeba zote hadi nyumbani ndani ya kiondo, maana mkoba wangu haukuzitosha. Nyumbani ni mtaa wa Kware, ghorofa ya tano, katika jengo lililokaribiana mno na la pili. Jirani wa ng'ambo akikaanga vitunguu, sisi ndio tunaopiga chafya. Mama yangu amekuwa akiishi nami tangu baba alipofariki. Anakaribia miaka themanini na magoti yake hayataki ngazi, hivyo hushuka Jumapili tu kwenda kanisani, na hushuka akiimba, ubeti mmoja kwa kila ghorofa, akipumzika kwenye kiitikio. Siku nyingine zote hukaa ndani na kungoja jua. Jua lenyewe huingia kwenye balkoni yetu kwa muda wa saa moja tu, kuanzia saa sita mchana.

Nilikuwa na njia yangu ya kuchagua, na sioni aibu kuisema. Nilimsomea mama. Nilikaa naye kwenye balkoni saa ya jua, yeye kwenye stuli na ungo wa mbaazi mapajani, mimi sakafuni na makala mkononi, nikiyageuza maneno ya Kiingereza kuwa Kiswahili kadiri nilivyoweza. Makala iliyomfanya aulize swali ilibaki. Iliyompigisha miayo iliondoka. Wenzangu wa chuo wangecheka wangejua, lakini mama ana darasa saba na akili ya kuwauzia wote mbaazi zenye wadudu, na mimi nilikuwa nikitafuta kitu ambacho mtoto aliyetoka shuleni juzi angekisoma bila kusinzia.

Ilikuwa kazi tamu. Kulikuwa na makala ya wafanyakazi wa kiwanda fulani katika nchi ya baridi, waliokuwa wakifanya kazi polepole makusudi ili asitokee mmoja wa kuwaaibisha wengine kwa bidii. Mama alicheka hadi mbaazi zikamwagika. Alisema kumbe hao watu walimfahamu baba yangu, kisha akauliza kama wake zao walijua. Hiyo ilibaki. Nyingine ilikuwa ya kueleza maana ya jamii kwa kurasa ishirini, imeandikwa na mtu ambaye sisi wa fani hii humtaja tukiwa tumeinamisha vichwa kidogo. Kufikia ukurasa wa tatu mama alikuwa amelala, ganda la mbaazi bado liko kati ya vidole. Niliikata bila huruma.

Niseme pia kwamba mama huniita mama. Nimebeba jina la mama yake, na ndivyo ilivyo kwetu Ukambani, mtoto aliyepewa jina la bibi huitwa kwa heshima za bibi. Nikiwa na furaha humwitikia, "Naam, mwanangu," naye hunikemea kwamba namzeesha huku najifanya msichana. Mchezo huu tumeucheza tangu nikiwa na miaka minne. Siku nisipomwitikia hivyo hujua nina jambo.

Mwisho wa wiki ya pili makala tisa zilikuwa zimepatikana. Ya kumi ndiyo iliyonisumbua. Ilitakiwa iwe kuhusu namna ya kumuuliza mtu maswali, kwa sababu hiyo ndiyo kazi yetu kubwa, na zote nilizokuwa nazo ziliuliza maswali kwa watu ambao mama hakuwajali hata kidogo. Nilimwambia mkuu wa idara kwamba nataka kitu cha hapa kwetu. Alifikiri, akaniomba radhi mapema, kisha akanipa ufunguo wa stoo. Alisema huko ndani kuna mafurushi ya hojaji, zile fomu za maswali ambazo wanafunzi wa zamani walitumwa kuzijaza mitaani kama zoezi la darasa. Zoezi lilipokwisha walipewa alama zao, fomu zikafungwa kamba, na hakuna aliyezigusa tena.

Vumbi la stoo ile nalikumbuka mpaka leo, kwa maana lilinipa kikohozi kilichokaa nami muhula mzima. Mafurushi yalikuwa yamepangwa chini ya dirisha na kila moja lilikuwa na jina la mtaa. Nilifungua la Makongeni kwa kuwa nimezaliwa Makongeni, katika zile nyumba za wafanyakazi wa reli, na nilitaka kuona watu wa kwetu walijibu vipi. Fomu hazikuwa na majina, namba za nyumba tu. Nilijiambia sitafuti nyumba yetu. Niliipata baada ya dakika kumi.

Hata bila namba ningeijua. Baba: karani wa reli. Mama: yuko nyumbani, hushona nguo. Vitu vilivyomo: redio moja, cherehani moja, na kisha yule mwanafunzi, ambaye bila shaka alikuwa na macho, akaandika kwamba kuna meza ya kuchonga ambayo miguu yake ni twiga wanne, na twiga mmoja amevunjika shingo, akawekewa tofali. Meza ile ilichongwa na mjomba, kaka yake mama, na ndiyo ninayoandikia maneno haya. Kilichobadilika ni tofali.

Nilicheka peke yangu mle stoo. Nikaendelea kusoma. Watoto: watatu. Chini yake walikuwa wameorodheshwa: mvulana, miaka tisa. Msichana, saba. Mvulana, mitano. Hao ni ndugu zangu. Nikatafuta mstari wa nne, haukuwepo. Niliangalia tarehe iliyoandikwa juu ya fomu, nikahesabu, kisha nikahesabu tena kwa vidole, mimi mwenye shahada mbili. Siku ile nilikuwa na mwaka mmoja na miezi minne.

Ningeweza kusema ni kosa la mwandishi, kama si maneno yaliyokuwa pembeni. Fomu nzima ilikuwa imejazwa kwa Kiingereza cha darasani, lakini pale pembeni yule kijana alikuwa ameandika kwa Kiswahili, kwa herufi ndogo, kama mtu anayejisemea. Aliandika kwamba mama alisita kabla ya kujibu. Kwamba kulikuwa na mtoto akilia chumba cha ndani. Kwamba alipouliza, mama alisema ni wa jirani.

Nilikaa chini juu ya furushi la mtaa mwingine. Kaka yangu mkubwa alipokuwa akitaka kunichokoza tukiwa wadogo aliniambia niliokotwa sokoni, kwenye kabichi, na kwamba mama aliponiona alikuwa amekwenda kununua vitunguu. Kila mtoto wa Eastlands, upande wetu wa jiji, ameambiwa kaokotwa mahali, wengine jalalani, wengine kituo cha basi, na mimi nilikuwa nikijiona na bahati kwa kuwa angalau kabichi ni chakula. Siku hiyo kabichi zile hazikunichekesha. Mimi ndiye mweusi kuliko wote nyumbani, mimi ndiye mrefu, na mimi ndiye niliyezaliwa nyuma sana ya wengine. Nilikuwa na zaidi ya miaka arobaini, na binti aliyekwisha kuanza kazi, na nililia mle ndani hadi mlinzi akabisha kuuliza kama nimeangukiwa na kitu.

Fomu nilikwenda nayo nyumbani. Sikuuliza. Mimi ninayelipwa kufundisha watu kuuliza, nilipika ugali, nikampakulia mama, nikaosha vyombo, na swali likakaa kooni pamoja na vumbi. Niliogopa jibu. Sikuogopa kwamba atanifukuza au atanipenda kidogo. Niliogopa kwamba ataniangalia kwa huruma, na nitajua.

Dada yangu anaishi Makindu. Nilimpigia simu kesho yake nikamsomea ile fomu. Alisema huenda nilikuwa nimelala na nikasahaulika, jambo ambalo halikunifariji. Alikuwa na miaka saba siku hiyo na hakumbuki kijana yeyote mwenye fomu. Lakini alikumbuka jambo moja ambalo nami nilikuwa nikilijua bila kulifikiria, kwamba mama na watu wa makaratasi hawajawahi kupatana. Walipokuja wa sensa aliingia jikoni akamwachia baba. Mgeni akimuuliza ana watoto wangapi, hujibu kwamba Mungu hakumnyima. Na kila usiku kabla ya kulala, tangu tukiwa wadogo, hutuombea kwa kututaja mmoja mmoja, jina baada ya jina, hata angekuwa amechoka namna gani. Hajawahi kusema "wanangu wanne". Sote tulidhani ni unyenyekevu wake wa kanisani.

Wiki hiyo nilikuwa mtu mbaya. Chai yake niliiweka mezani bila kumwambia ipo. Aliponiita mama niliitika "ee" kama mpangaji anayedaiwa. Alinitazama siku ya kwanza, siku ya pili akaniuliza kama nimekosana na mtu kazini, siku ya tatu akaacha kuuliza na akaanza kunikaangia mayai asubuhi, jambo ambalo magoti yake hayakumruhusu. Nilikula yale mayai nikiwa nimenuna. Nikikumbuka hilo hadi leo naona aibu.

Jumamosi saa sita, jua likaingia. Mama alikaa kwenye stuli yake na ungo wake, akauliza kama leo hakuna kusoma. Nikakaa sakafuni. Nilimwambia imebaki makala moja, na ni fupi. Kisha nikaanza kumsomea ile fomu kama nilivyomsomea nyingine zote, kwa sauti ileile, bila kusema imetoka wapi. Baba ni karani wa reli. Mama yuko nyumbani, hushona. Aliendelea kumenya mbaazi. Redio moja, cherehani moja. Nilipofika kwenye twiga mwenye tofali, vidole vyake vilisimama.

Sikuacha. Nilisoma watoto watatu, nikasoma umri wao, nikasoma maneno ya pembeni hadi mwisho, sauti yangu ikaanza kunisaliti pale kwenye neno jirani. Nikaweka karatasi chini.

"Mama, yule mtoto aliyekuwa akilia alikuwa wa nani?"

Hakuniangalia. Aliangalia nguo za watu zilizoanikwa jengo la pili, kisha akauliza jambo ambalo sikulitarajia. Aliuliza kama ni kweli kijana aliandika kwamba alisita. Nikamwambia ndiyo. Akatikisa kichwa polepole, akasema alikuwa mwangalifu yule kijana, na kwamba alikunywa vikombe viwili vya chai na kuisifu meza. Miaka yote hiyo alikuwa hajamsahau.

Ndipo akaniambia. Kati yangu na kaka yangu wa pili kulikuwa na mwingine, mvulana. Mimi, mtaalamu wa familia za watu, sijawahi hata siku moja kuuliza kwa nini kati ya ndugu yangu na mimi kuna pengo la miaka. Mtoto huyo alikuwa na miezi saba alipokuja mwanamke mmoja na karatasi, akipita nyumba kwa nyumba kuandika watoto wa mtaa. Alimuuliza mama ana wangapi. Kwetu watoto hawahesabiwi. Unaweza kuwataja, unaweza kuwaita, unaweza kusema wapo, lakini huwawekei idadi kwa sauti, kwa kuwa ukishawahesabu umemwonyesha asiyetakiwa kuwaona. Mama aliyajua hayo tangu utotoni. Lakini alikuwa mke wa karani, mwimbaji wa kwaya, amesoma, na hakutaka yule mwanamke mwenye viatu vizuri amwone mshamba. Akasimama mlangoni, akasema wanne, tena kwa sauti.

"Mwezi haukuisha," aliniambia.

Mtoto alishikwa na kifua na hakupona. Bibi yangu, huyo ninayebeba jina lake, alikuja kutoka Ukambani kwa mazishi. Hakumlaumu mtu, hakulia mbele za watu. Aliuliza swali moja tu, kwamba ni nani aliyewahesabu. Mama hakumjibu, na wala bibi hakuuliza tena, lakini tangu siku hiyo mama hakuitamka idadi yetu ya kweli kwa mtu yeyote, hata kwa daktari.

Kisha nikazaliwa mimi, nikazaliwa na kifua kilekile. Siku kijana wa chuo alipobisha nilikuwa na homa ya siku ya tatu. Mama alikuwa chumba cha ndani akinipa dawa. Alitoka kufungua mlango kijiko kikiwa bado mkononi, akakificha chini ya leso aliyojifunga, akamkaribisha mgeni na kumpa chai kwa sababu mgeni ni mgeni. Maswali ya kazi na ya redio aliyajibu vizuri. Alipoulizwa watoto, alinisikia nikianza kulia. Alifikiri kukataa kujibu, lakini akaona kukataa ni kama kuonyesha kwamba kuna cha kufichwa. Hao watatu walikuwa wameshahesabiwa zamani na wakaishi, hao hawakumtia hofu. Akasema watatu. Na kijana alipotega sikio upande wa pazia, akasema yule ni wa jirani.

Nilimuuliza kama haikumuuma kunikana. Wakati huo ndipo aliponigeukia.

"Kijana ndiye aliyeuliza," alisema, "lakini si yeye niliyekuwa namjibu."

Hakulitaja jina la aliyekuwa akimjibu na sikuhitaji kutajiwa. Aliendelea kusema, taratibu, kwamba kijana alipoondoka alirudi ndani akanikuta nimenyamaza, na akaogopa kuniangalia. Alinishika mguu kwanza. Ulikuwa na jasho. Homa ilikuwa imekatika. Alinibeba mgongoni hadi jioni, akipika, akishona, akifua, na baba aliporudi kutoka kazini na kuuliza mbona hanitui, alimwambia nimekataa kushuka. Wahenga walisema mficha maradhi kifo humfichua. Mama yangu alimficha mgonjwa mwenyewe, na mgonjwa ndiye huyu anayeandika.

"Nimetubu mengi, mama," aliniambia. "Hilo sijalitubu, na sitalitubu."

Nilikilaza kichwa changu mapajani pake, juu ya ungo na mbaazi zote, nikalia kama yule wa chumba cha ndani. Nilikuwa na furaha ambayo sikuijua iliko tangu ile siku ya stoo, na pia nilikuwa na uchungu wa ndugu ambaye sikujua kwamba niliwahi kuwa naye. Mama alinipapasa kichwa kwa mkono uliokuwa na majimaji ya mbaazi. Baada ya muda akasema kwa upole kwamba anaomba niinuke, kwa kuwa hizo mbaazi ndizo chakula cha jioni. Tuliziokota pamoja sakafuni, na moja ilianguka hadi chini ghorofa ya kwanza, tukasikia mtu akiuliza nani anarusha vitu.

Nilimwomba ruhusa ya kuitumia ile fomu darasani. Nilimweleza kwamba makala zote tisa hazijawahi kusema nilichokipata katika mistari mitatu ya pembeni, kwamba mtu anaweza kuulizwa swali na mmoja akamjibu mwingine. Alifikiri. Alikubali kwa masharti. Nifute namba ya nyumba, niwatoe twiga, kwa sababu mtu yeyote wa Makongeni wa siku zile akisikia twiga atajua ni kwa nani. Na nisimtaje.

"Hata wakikuuliza," alisema. "Wewe ni mwalimu, utapenda kueleza. Usieleze."

Niliahidi. Kisha nikatoa kalamu, maana mimi ni mtu wa kuona kosa na kulisahihisha, na ile nafasi ya mstari wa nne ilikuwa ikinitazama. Nilimuuliza kama naweza sasa kujiongeza. Nilisema nitaandika kwa penseli ikiwa anaogopa, na kwamba imepita zaidi ya miaka arobaini. Nilipokuwa bado nasema, vumbi la stoo likanikamata, nikakohoa, kikohozi kirefu cha kunitoa machozi. Mama alingoja kiishe. Alinyoosha mkono akaichukua kalamu kutoka vidoleni mwangu, akaiweka kwenye ungo, katikati ya mbaazi.

"Acha watatu," alisema. "Wewe bado unakohoa."

"Naam, mwanangu," nikamwitikia, naye akanikemea kwa kumzeesha.

Mkuu wa idara hakuipenda mwanzoni. Aliniomba radhi, akasema hiyo si makala bali ni karatasi, haina mwandishi, haina mchapishaji, na wakaguzi wa mitaala wangeuliza. Nilimpa fotokopi niliyokwisha kuisafisha, bila namba, bila twiga, nikamwambia asome na ya pembeni. Alisoma mara mbili. Alivua miwani, akaipangusa kwa tai yake ingawa haikuwa na uchafu, akaniuliza kama najua mtoto yule alikuwa wa nani. Nilimwambia imeandikwa hapo. Alinitazama kidogo, kisha akasema, kama ni hivyo, isiwe ya kumi, iwe ya kwanza.

Tukaanza nayo. Wanafunzi walikuwa sabini na kitu, wengine wameketi madirishani, wengi wao watoto wa hukuhuku kwetu, wa Pipeline, wa Makongeni, wa Kayole. Niliwapa dakika kumi za kusoma ukurasa mmoja, wakadhani nawadharau. Nikawauliza wanaona nini. Kijana mmoja wa mbele alisema kwamba huyu mathe anaficha kitu, iko wazi. Mwingine akadai hakumwamini yule msee wa fomu, na nani angemwamini, anaingia kwa watu na kuuliza vitu. Wakabishana kuhusu kodi, na polisi, na vyumba vya reli kama viliruhusu watoto wengi. Niliwaacha. Yalikuwa mazuri yote, na hakuna lililokuwa kweli.

Kisha msichana mmoja aliyekuwa nyuma kabisa, ambaye hakuwa amesema neno tangu kipindi kianze, aliinua mkono nusu. Alisema kwao watoto hawahesabiwi, shosh yake, yaani bibi yake, alikuwa akiwaambia ni mkosi, na pengine huyu mama alikuwa na mtoi mgonjwa. Alilisema taratibu, akiangalia dawati. Nilimwangalia na nikataka kushuka pale mbele nimkumbatie. Nilimwambia tu kwamba hilo ni jibu zuri sana, na kwamba aliandike asije akalisahau.

Yule kijana wa mbele hakuridhika. Aligeuka akamtazama mwenzake, akanigeukia mimi, kidole chake bado kikiwa kwenye ile mistari ya pembeni.

"Lakini, mwalimu, wewe unajua. Huyo mtoi aliyekuwa analia alikuwa wa nani?"

Sabini na kitu waliniangalia, kalamu juu. Kifua kiliniwasha. Nilikohoa, nikafuta mdomo kwa leso, nikangoja pumzi yangu irudi.

"Wa jirani," nikasema.